Mapipa ya Maangamizi

Katika nchi yetu nzima, kutoka mpaka wa juu hadi mpaka wa chini, hakuna mwanamke anayeuelewa ugaidi kunishinda mimi. Ninacho cheti. Kimetundikwa sebuleni karibu na picha ya marehemu mume wangu, na kimeandikwa kwa wino wa dhahabu kwamba Bi. Adventina, mwenye elimu ya darasa la nne, AMEELEWA UGAIDI. Kweli, siku ile ya semina nilisinzia tangu sala ya kufungulia, na nilipozinduka walikuwa wanapakua wali. Lakini mwenye kugawa sahani aliniuliza kama nimeelewa, nikasema nimeelewa, maana foleni ya wali ilikuwa ya walioelewa tu. Wasioelewa walipewa soda.

Semina yenyewe iliandaliwa na Tume ya Taifa ya Kuelewa Ugaidi na Tishio la Silaha za Maangamizi ya Halaiki. Jina hilo nikilitamka lote huwa natafuta kiti kwanza. Tume ilikuja kijijini kwetu na magari meupe mengi, ikateremsha viti, vipaza sauti, maua ya plastiki, na Kamishna Dokta Wenseslaus Barongo, mtu mwenye kitambi cha heshima na sauti ya kusimamisha ng'ombe. Baadaye niliambiwa alichosema. Alisema ugaidi ni kitendo chochote cha kigaidi kinachofanywa na gaidi kwa madhumuni ya ugaidi. Watu wakapiga makofi. Akasema adui hana sura, hana kabila wala anuani, na ukimwona utoe taarifa haraka. Wakapiga tena.

Aliyeharibu mambo ni shemeji yangu Byabato. Huyu ni mdogo wake marehemu mume wangu, mpika rubisi, ile pombe yetu ya ndizi, na hana maneno mengi. Kwa siku anaweza kusema salamu na kuomba chumvi, basi. Siku hiyo akasimama. Akauliza kwa adabu kama wale waliolipua mnada wetu wamepatikana.

Hapa nitasema jambo bila mzaha, kisha nirudi kwenye mzaha, kwa sababu huko ndiko ninakoweza kukaa.

Mwaka uliotangulia, siku ya mnada, mtu aliacha begi chini ya meza ya wauza dagaa. Paskazia, mke wa Byabato, alikuwa ameinama anachagua dagaa. Mimi na Paskazia tuliolewa ua mmoja, tukagombania jiko moja ujana wetu wote, na uzeeni tukawa hatuwezi kula bila kuitana. Begi lilipolipuka nilisikia nikiwa nyumbani nikadhani ni gari la mkaa limepasuka tairi. Alizikwa kesho yake, yeye na wanakijiji wengine waliokufa pale. Serikali haikuwahi mazishi. Ilikuwa mji mkuu kwenye semina ya ugaidi, na simu zote zilikuwa zimezimwa ili watu waelewe vizuri. Ilipofika ikatugawia fulana zilizoandikwa HATUTATIKISIKA. Ya Byabato ilikuwa ya saizi ya mtoto wa chekechea. Aliikunja, akaiweka chini ya godoro, hakuisema tena.

Basi Kamishna akamjibu kwamba swali lake ni zuri sana, ila liko nje ya mada. Mada ilikuwa kuelewa. Kukamata ni kazi ya Tume nyingine, ambayo mchakato wa kuiunda unaendelea. Byabato akakaa. Yeye ndiye aliyekunywa soda.

*

Sasa mtauliza kwa nini Tume iliyoelewa kila kitu ilihitaji kuja tena kijijini kwetu. Ilihitaji kwa sababu ya majirani.

Nchi jirani, ambayo nayo jina lake nalisitiri, ilikuwa imegundua magaidi wawili na kiwanda kidogo cha sumu. Marafiki wa ng'ambo wakafurahi nayo mno. Wakaipa mbwa wa kunusa, helikopta, na magari yenye vioo vyeusi. Nchi yetu, ambayo ilikuwa na amani ya kuchosha, ilipewa kalamu na miavuli. Rais wetu, Baba Mlinzi, aliutazama ule mwavuli akaona uchungu. Akatangaza redioni kwamba haiwezekani taifa kubwa kama letu lisiwe na tishio lake lenyewe, na kwamba kila wilaya ijitathmini.

Wilaya zikajitathmini. Moja ikajibu kwamba silaha za maangamizi haina, ila kipindupindu kipo. Mkuu wake akaondolewa kwa kukosa ubunifu. Nyingine ikakamata magunia ya mbolea na mkulima wake. Mkuu wa wilaya mmoja alimtaja mama mkwe wake, na Tume ikamchunguza yule mama kwa muda mrefu kabla ya kumwachia kwa masharti. Shule ya sekondari ya kwetu ilikuwa na chupa moja ya tindikali, chupa ya mwalimu wa kemia, aliyoitunza kama yai. Ikachukuliwa kwa king'ora. Siku hizi watoto wanasoma tindikali kwa mchoro.

Lakini hakuna hata kimoja kati ya hivyo kilichowaridhisha marafiki wa ng'ambo. Walisema wanataka kitu kilichofichwa chini ya ardhi. Wakatuazima kindege kisicho na rubani kitusaidie kutafuta. Kikawa kinapita juu ya migomba yetu kila asubuhi kikilia kama nyuki aliyeingia kwenye chupa, na sisi wazee tukawa tunakipungia mkono, kwa kuwa hatukufundishwa kupitwa na mgeni bila kumsalimia.

*

Kilichoonekana kutoka juu ni hiki: nyuma ya nyumba ya Byabato, ardhi ilikuwa inatoa moshi.

Atakayeshangaa moshi kutoka ardhini hajalelewa kwetu. Ndizi za pombe haziivishwi mkunguni. Unachimba shimo, unalipasha moto, unazipanga ndizi humo, unazifunika kwa majani ya mgomba na udongo, na pembeni unaacha tundu la kuvutia moshi ndani. Unaziacha mpaka ziive zote pamoja. Kisha unazikamua kwa nyasi, juisi unaichanganya na unga wa mtama uliokaangwa, unairudisha shimoni kwenye joto, unafunika, unasubiri. Byabato alitumia mapipa mawili ya bluu, yale ya plastiki yenye mfuniko wa kukaza, kwa sababu mtumbwi wake wa zamani wa kuchachushia pombe ulikuwa umepasuka.

Rubisi hiyo ilikuwa ya Paskazia. Mwaka ulikuwa unatimia, na Jumamosi kijiji chote kilikuwa kikutane kwa kumbukumbu ya watu wa mnada.

Sasa kuna mwiko mmoja, na mwiko huo ndio uliotuponza. Kwetu pombe ikiwa shimoni haitajwi. Mgeni akimuuliza mpishi anapika nini, mpishi anatazama pembeni na kuzungumzia mvua. Akiitaja, inalala. Hailevyi, haichachi, inakuwa maji ya kunawia. Na pombe ya kumbukumbu ndiyo zaidi: jina lake linatajwa kwanza kaburini, kwa yule anayekumbukwa, ndipo walio hai wakaribishwe.

Tume ikakaa vikao juu ya ule moshi mpaka moshi wenyewe ukaisha. Halafu ikaja. Walikuja wamevaa mavazi meupe kuanzia unyayo hadi utosi, na vinyago vyenye mabomba, na kijiji kizima kikakimbia kwa kudhani ni watu wa nyuki wametoka kuvuna. Mimi sikukimbia. Goti langu halijakimbia tangu serikali ya kwanza. Kwa hiyo nilikuwepo, na niliyasikia yote.

Kamishna alisimama mbali, nyuma ya mgomba, akauliza kwa kipaza sauti.

"Ndani ya mapipa hayo kuna nini?"

Byabato akatazama pembeni. Akasema mvua mwaka huu zimechelewa.

"Nakuuliza kwa mara ya mwisho. Kuna nini?"

"Siwezi kutaja, baba. Mpaka Jumamosi."

Wale weupe wote wakarudi nyuma kwa pamoja. Kamishna akauliza Jumamosi kutakuwa na nini. Byabato, ambaye hajui kusema uongo kwa sababu hana mazoezi ya kusema, akamwambia kwamba watu wote watakusanyika. Kamishna akauliza ni cha nani kitu hicho. Akasema ni cha Paskazia. Akaulizwa Paskazia ni nani, yuko wapi. Akasema alikufa kwa bomu.

Nilimwona Kamishna akifumba macho kwa raha, kama mtu aliyepata choo baada ya safari ndefu.

Nikajikokota hadi kwake nikamwambia, mwanangu, hiyo ni rubisi. Akamwambia msaidizi wake aandike kwamba shemeji wa gaidi ametoa maelezo ambayo ndiyo hasa yangetolewa na shemeji wa gaidi. Majirani wakarudi mmoja mmoja kutoka vichakani, nao wakasema ni rubisi. Ikaandikwa kwamba kijiji kizima kimefundishwa sentensi moja. Wakamfunga Byabato pingu, wakayapakia mapipa kwa taratibu ya ajabu, watu kumi na zaidi wakilishika pipa moja kama jeneza la waziri, wakaondoka. Walipovuka daraja, ndipo kuku wakatoka uvunguni.

Jumamosi tulikaa kaburini na chai.

*

Nchi ilifurahi. Sitawanyima haki yao, ilifurahi kweli. Redio ilisema tumezipata, na mtangazaji akalia hewani. Baba Mlinzi akahutubia akisema leo nasi tumeingia katika orodha ya mataifa yanayotishwa. Kukatangazwa mapumziko. Watoto wa shule wakaandamana wakiimba wimbo wa kulaani ndizi, ingawa hawakuambiwa ni ndizi, waliambiwa ni "malighafi ya kimiminika". Mbwa wa kunusa wakafika kwa ndege, wenye afya kuliko mimi. Kamishna akapewa nishani na gari jipya, na akawaambia waandishi wa habari kwamba yale mapipa mawili yangetosha kumaliza wilaya tatu na nusu. Hakuna aliyeuliza ile nusu ingebaki upande gani.

Marafiki wa ng'ambo wakaomba kitu kimoja tu, nacho ni hukumu. Sheria ya silaha za maangamizi katika nchi yetu ni fupi, inaingia kwenye mstari mmoja: anayekutwa nazo ananyongwa.

Nikaenda kumwona Byabato mahabusu, ndani ya uzio wa Tume huko mjini. Nilibeba ugali na dagaa. Askari akapekua dagaa mmoja mmoja. Mahabusu yenyewe ilikuwa chumba cha nyuma ya ghala, na ghala lenyewe ndilo lililohifadhi mapipa, limezungushiwa utepe wa njano na kuchorwa fuvu la kichwa mlangoni.

Byabato alikuwa amekonda. Nikamtania, kama ilivyo desturi yetu ya shemeji, nikamwambia afadhali amekonda, kamba itapata pa kushika. Alicheka kidogo, kisha hakucheka.

"Shemeji," akasema, "niliwaambia baadaye. Nilipoona wamekwisha kuichukua, nikaitaja. Nikasema ni rubisi. Wakaandika kwamba nimebadilisha maelezo."

Nikamuuliza kama angali ana nguvu za kubishana nao.

"Sina. Nimechoka. Wamekuwa wakiniuliza nani alilipua mnada. Mimi ndiye niliyewauliza wao, sasa wamenirudishia swali langu." Akamtazama dagaa mkononi, akamrudisha kwenye bakuli. "Nilitaka anywe yeye kwanza. Basi."

Nilibaki nimekaa kwenye benchi. Miaka yangu yote nimeona serikali zikibadilika huku sahihi zikibaki zile zile, na nilidhani nimeshamaliza kuchoka. Kumbe kulikuwa kumebaki uchovu mwingine mdogo.

Ndipo nikausikia wimbo. Mlinzi wa ghala, aliyesimama chini ya lile fuvu na bunduki yake, alikuwa anaimba wimbo wa mavuno, saa za kazi, jua la utosi. Mwenzake akamjibu kwa sauti ya pili. Kamishna mwenyewe akatoka mlango wa pembeni wa ghala, akateremka ngazi kwa uangalifu mkubwa, kila ngazi akiishukuru kwanza, akanipungia mkono na kuniita mama mzazi.

Mimi nimeolewa nyumba ya wapika pombe. Najua mtu anavyoteremka ngazi akitoka kunywa rubisi iliyokubali. Na ile ilikuwa imekubali, licha ya kutajwa, licha ya yote. Byabato alipika vizuri.

*

Kesi ilikuja baada ya muda mrefu, baada ya Kamishna kurudi kutoka safari za kuzieleza nchi nyingine jinsi alivyoelewa. Jaji alikuwa mwanamama mwenye miwani na uso wa mtu asiyelala vizuri. Asubuhi alisema maneno machache, na ndiyo maneno ya maana pekee niliyosikia kutoka kiti cha serikali mwaka ule. Alisema ataangalia jambo moja tu. Kilichokuwa ndani ya mapipa kikiwa ni sumu, mtuhumiwa atanyongwa kama sheria isemavyo. Kikiwa ni kinywaji cha watu, atakwenda nyumbani kwake leo leo, na aliyemleta ndiye atakayebaki kujieleza.

Kamishna akaapa. Akasema mapipa yalihifadhiwa chini ya ulinzi wa saa zote, na kwamba hakuna binadamu aliyeigusa, kuinusa wala kuionja shehena ile. Jaji akauliza kama inaweza kuletwa mahakamani. Kamishna akasema kwa masikitiko kwamba shehena ni ya aina inayopotea yenyewe hewani, jambo linalothibitisha hatari yake. Mapipa yakaletwa. Yalikuwa yameoshwa hadi yanang'aa.

Sasa mwendesha mashtaka alihitaji mtu wa kijijini aseme kwamba kitu kile kinadhuru watu. Alikuwa amezunguka nyumba zote akakosa. Wote walikuwa na ile sentensi yao moja. Nikamwendea mwenyewe, nikamwambia mimi nina cheti. Alinishika mikono yote miwili. Akanifundisha niseme ni sumu, na mengine niongeze kwa maneno yangu mwenyewe, bibi, usiogope. Sikuogopa.

Nikapanda kizimbani, nikaapa, nikaulizwa mle ndani kulikuwa na nini. Nikasema sumu.

Byabato aliinua kichwa. Aliniangalia kama mtu aliyefunguliwa mlango na ndugu yake, kisha ukafungwa tena usoni. Sikuweza kumwangalia, kwa hiyo nikaangalia benchi la Tume, ambako Kamishna alikuwa ameketi na maafisa wake, wote wanatabasamu.

Jaji akaniambia nieleze, taratibu, sumu hiyo inamfanyaje mtu.

Nikaeleza. Nikasema ubaya wake ni kwamba ni tamu. Anayeionja mara ya kwanza anataka tena. Anapata furaha asiyoijua chanzo chake, anaimba, anawapenda watu asiowajua, anaweza hata kumwita mwanamke wa kijijini mama mzazi. Kisha analala usingizi mzito, na akiamka kichwa kinamgonga na koo limekauka kama kiatu.

Tabasamu moja kwenye benchi likazimika. Kisha la pili.

Jaji akauliza kama basi inaishia hapo. Nikasema laiti ingeishia hapo. Baada ya hapo inatulia, mtu anadhani amepona. Inaingia ndani, inatafuta pa kukaa. Dalili zake ni ndogo ndogo, nikasema, ndiyo maana wengi wanachelewa. Mtu anaanza kuamka usiku kwenda haja ndogo. Magoti yanalia akiinuka. Akila mchana anasinzia. Anaingia chumbani na kusahau alichofuata. Nilikuwa nayataja maradhi yangu mwenyewe ya kila siku, na bila shaka ya kila mtu aliyepita umri wa kuoa, lakini kule kwenye benchi afisa mmoja alikuwa anajaribu goti lake chini kwa chini, kulikunja na kulikunjua.

"Na mwisho wake?" Jaji akauliza.

Nikaomba maji kwanza. Nikanywa polepole, sina haraka, mimi ni mzee. Nikasema mwisho wake unaanzia kwenye ulimi. Unapata mstari katikati, kutoka mbele kwenda nyuma. Ukishauona mstari huo, kuna wiki moja, pengine pungufu.

Nawaomba msomao mjaribu kwenye kioo. Kila ulimi una huo mstari.

Walinzi wawili mlangoni, wale wa wimbo wa mavuno, waligeukiana wakatoleana ndimi. Dereva wa Tume akatoka nje akikimbilia kioo cha gari. Kamishna alikuwa ameinamisha kichwa, ameshika nishani yake mpya inayong'aa, ameigeuzia mdomoni.

Mwendesha mashtaka, ambaye peke yake hakualikwa ghalani, akauliza kwa furaha kama kuna aliyewahi kupona. Nikasema wapo. Kuna jani. Mume wangu alinionyesha. Linatafunwa mapema, mtu anapona kabisa. "Lakini kwa vile Kamishna ameapa kwamba hakuna aliyeonja," nikasema, "sioni sababu ya kulichosha bure jani hilo." Nikaanza kuteremka kizimbani, goti moja baada ya lingine.

Kamishna akasimama.

"Bibi, tafadhali. Ni jani gani?"

"Unauliza kwa ajili ya nani, mwanangu?"

"Kwa niaba ya taifa."

Jaji akavua miwani. Akasema, bila kupandisha sauti, kwamba taifa halikuwamo ghalani, na kwamba Kamishna bado yumo ndani ya kiapo alichoapa asubuhi. Akamuuliza kama alionja.

"Kijiko, mheshimiwa. Kimoja. Kwa ajili ya uchunguzi."

Nikamwambia kijiko kimoja hakina shida, ncha ya jani itatosha. Ila dawa hii, nikasema, inakwenda kwa kipimo cha kile mtu alichokunywa. Akitaja kidogo atapewa kidogo, na kidogo hicho kitamwondolea dalili tu, kimwache na mwisho wake.

Kamishna akamtazama Jaji. Akamtazama Byabato, ambaye kwa mara ya kwanza tangu asubuhi alikuwa ameegemea kiti chake. Akawatazama walinzi wake mlangoni, nao walikuwa wanamwitikia kwa vichwa, wakimsihi aseme kweli.

"Mapipa yote mawili," akasema. "Lakini tulikuwa wengi."